Akteri Hafi

Salamabila, tarehe 4 mwezi wa pili 2024

Yaya Estelle,

Kama barua hii inanuka esansi, usikasirike. Muhindo, motari wangu, anatia barua na chupa ya esansi ya pikipiki yake mu mufuko mumoja. Tangu walipochoma antena ya simu hapa, sauti yangu nzuri haiwezi kufika Kasongo, basi unipokee kwa mwandiko huu unaotembea kama kuku aliyelewa pombe ya lutuku. Unajua nilitoka shule mapema ili wengine nao wapate nafasi ya kuwa wa kwanza.

Habari yangu, dada: mudogo wako amekuwa mutu mukubwa. Usicheke. Ukifika Salamabila, uliza mutu yeyote, "Profesa wa filimu anakaa wapi?", atakushika mukono mpaka mulango wangu. Sine yangu ya kuonyesha filimu iko na kuta za mbao, turubai juu, na televizio yenye kifua kikubwa kama wamama wa kwaya yenu. Wachimbaji wanatoka mu mashimo na udongo kwa masikio, wanaingia kwangu mbele ya kwenda kuoga. Wengine hawaendi kuoga kabisa. Hiyo ndio hasara ya umaarufu.

Kazi yangu unaijua, lakini nikueleze tena, maana ninapenda kuieleza. Filimu inasema Kichina, ao Kihindi, ao ile lugha ya kutokea puani. Mimi sielewi hata moja. Ninasimama kando ya televizio na mikro, ninasema kila mutu anachosema, kwa Kiswahili chetu. Nani atanipinga? Majina pia ninayatoa mimi. Akteri, yule anayepigania wanyonge, ninamupa jina la muchimbaji aliyekaa kiti cha mbele, na siku hiyo muchimbaji anarudi nyumbani akitembea katikati ya barabara. Na sheria kila mutu anaijua: akteri hafi. Atapigwa, atatupwa mutoni, watamuchomea nyumba, lakini hafi. Anayekufa ni shefu bandi, mukubwa wa wabaya. Huyo shefu bandi wangu nimemupa jina moja ambalo watu wanalipenda kuliko nyama. Siliandiki hapa. Utalisikia ukija.

Filimu wanayoitaka zaidi tunaiita Sikio Moja, sababu akteri anakatwa sikio tangu mwanzo. Dividi yake imekwaruzwa. Kila siku, akteri akiingia kiwanja cha shefu bandi kwa pigano la mwisho, picha inasimama kama mbuzi aliyekataa kamba. Hakuna taabu. Ninazima, ninamaliza kwa mudomo: akteri anaruka, bandi anaanguka, bandi anaomba maji, hapewi. Watu wanapiga kelele mpaka turubai linapanda. Hakuna aliyewahi kuuliza mwisho wenyewe uko namna gani. Na mimi sijauona. Wa kwangu ni muzuri zaidi.

Kuhusu kupotea kwa Shemeji Théophile: nimeuliza kwa wauza muchele, kwa wamotari wa Lusangi, kwa wale wanaopita bariyeri, pale watu wa pori wanapofunga barabara kwa bunduki. Hakuna anayesema kitu. Lakini hakuna aliyesema amemuona amekufa, na mu hii inchi yetu habari ya kufa ndio inayokimbia mbele ya zingine. Shika hapo, Yaya, usiachilie.

Ninakutumia viatu vipya. Vimetoka Bujumbura, siyo mchezo.

Mudogo wako,
Gérard, Profesa


Kasongo, tarehe 17 mwezi wa pili 2024

Gérard, mudogo wangu,

Viatu nimepata. Vyote viwili ni vya muguu wa kuume. Asante.

Nilicheka kwa barua yako, kisha nikaona aibu kwa kucheka, sababu shati la Théo lilikuwa limeanikwa mbele yangu. Ninalifua hata kama hakuna aliyelivaa. Usiniulize sababu.

Unajua vile alivyoondoka. Alisukuma kinga, ile baiskeli yake, na magunia ya muchele, muchele wa soko yenu ya Salamabila, usisahau. Wenzake walioshikwa naye kwa bariyeri ya Lusangi waliachiliwa, yeye wakabaki naye. Sasa kaka yake Élysée amekuja na wazee wa ukoo. Wanasema wamechoka kungoja. Pasaka ikipita watafanya matanga, bila mwili. Watanyoa, watalia, watakula, watagawa nguo zake. Nikawaambia, "Mutamulilia mutu ambaye labda saa hii anajikuna tu mahali?" Élysée akasema, "Shemeji, mutu akishaliliwa, anatulia." Ndio hivyo, Gérard. Wakimulilia, amekufa, hata akirudi kesho yake. Hata nyumba hii itakuwa ya marehemu, na mimi mugeni ndani yake.

Na wewe unaniandikia furaha ya watu wanaoanguka.

Nilipokuja kwako mwaka ule, niliingia mu hiyo sine yako. Nikaona mutu anakatwa shingo, na mama mumoja karibu yangu ametoa macho, mandazi imesimama mudomoni. Nilitoka nikatapika nyuma ya ukuta. Ukanicheka, ukasema ni rangi tu. Nieleze basi, Profesa. Watu wako wa Salamabila wengi wamekimbia vijiji vyao. Wengine walizika watu wao kwa jembe la kuazima. Wanakuja kutafuta nini kwako? Uko unawaletea kitu ambacho wanapewa bure kwa barabara.

Muhindo alikula hapa leo. Yule ni kinywa bila mulango, lakini nilipomuuliza jina la shefu bandi wako, aliangalia sahani kama mutu anayehesabu punje za muchele. Niandikie wewe mwenyewe.

Dada yako,
Estelle


Salamabila, tarehe 1 mwezi wa tatu 2024

Yaya,

Jina ni Sagesse.

Ndio. Yule yule, Kapiteni Sagesse, mukubwa wa watu wa pori, mwenye bariyeri ya Lusangi, aliyebaki na bwana yako. Ninamuua kila siku, Jumapili tunamuua baada ya misa. Sasa umejua, upige kelele kwanza, kisha uendelee kusoma.

Sikupanga. Kuna mama anayeitwa Safi, anauza mandazi kwa mulango wangu. Ndiye yule uliyemuona na mandazi mudomoni. Watu wa Sagesse walimupiga bwana yake kwa bariyeri mpaka leo hawezi kunyoosha mugongo. Siku moja mu filimu bandi alimunyang'anya muke mumoja gunia, na Safi akalia kutoka nyuma, "Ni Sagesse yule!" Mimi nilichofanya ni kuliokota hilo jina na kulitia mu mikro. Bandi alipoanguka, sine yote ilinyamaza. Kisha ikatoka sauti moja. Yaya, haikuwa sauti ya kupenda damu. Niliwahi kuisikia siku mama alipozaa mudogo wetu wa mwisho, akakawia kulia, kisha akalia, na wamama wote mu chumba wakatoa pumzi.

Uliniuliza wanatafuta nini. Ngoja mimi niliyefika mpaka Kalemie nikujibu. Kwa barabara mutu anauawa bila sababu na bila mwisho, na aliyemuua unakutana naye sokoni anachagua chumvi, naye anakusalimia. Kwangu mutu akiuawa, kuna aliyeona. Kuna mutu mumoja mwenye sikio moja ambaye hatasahau. Na mbele ya esansi kuisha mu grupu, mashine yangu ya umeme, muuaji atalipa. Watu wanavumilia damu yote ile ili wafike pale. Wewe ulitoka katikati, Yaya. Ulichukua machungu, ukaacha dawa.

Sasa mambo yenyewe. Juzi aliingia mutu wa buti za mpira, akakaa nyuma, hakucheka hata pale mimi mwenyewe nilipojicheka. Filimu ilipoisha akanifuata. "Mukubwa amesikia unamuua." Nikamuuliza mukubwa gani, ingawa suruali yangu ilikuwa imeshajua. Akasema, "Anataka kuona. Ubebe vyombo vyako uje pori. Nitakufuata siku ya katikati ya mwezi. Usitusumbue kukutafuta."

Kisha akanunua mandazi kwa Safi, akatafuna, akakunja uso. "Huku munakula vibaya. Sisi tuko na mupishi wa Kasongo, muchele wake ni wa harusi. Ila ni kichaa kidogo. Anausemesha. Anauambia, tulia, mama, tulia, usichemke kwa hasira."

Yaya Estelle. Nani mwingine mu dunia hii anasemesha muchele?

Jibu haraka. Muhindo anangoja hapo hapo, umupe chakula.

Gérard


Kasongo, tarehe 5 mwezi wa tatu 2024

Gérard,

Yuko muzima.

Nimeandika hivyo na nikatoka nje nikazunguka nyumba. Nimerudi. Muhindo anafikiri nimelewa.

Usiende. Mutu umemuua mbele ya watu mwaka mzima, sasa unamupelekea shingo yako na grupu ya umeme juu. Kimbia uje Kasongo. Utalala kwa chumba cha muchele.

Lakini ukikimbia, watamuuliza Théo shemeji yake amekwenda wapi. Watajua. Kila kitu wanajua.

Basi nenda.

Hapana. Mungu wangu, nimeandika nini.

Sikiliza. Nimekaa na jambo hili tangu saa ya jua kali mpaka sasa. Wewe unasema majina unayatoa wewe. Unasema akteri hafi. Basi mupe Sagesse jina la akteri. Akatwe sikio yeye, apiganie wajane yeye, watu wamulilie yeye. Bandi umuite jina lolote la kijinga. Musifu mpaka alegee, na akilegea umuombe Théo. Umulete nyumbani mbele ya Pasaka, mbele ya Élysée kupiga ngoma ya matanga.

Ninajua nilivyokuambia juu ya mafilimu yako. Ninajua. Leo mimi ndiye ninayekutuma na hayo mafilimu. Kama ni zambi, iwe yangu, nitaibeba na viatu vyako viwili vya kuume.

Muambie Théo shati lake liko safi.

Estelle


Salamabila, tarehe 14 mwezi wa tatu 2024

Yaya,

Kesho. Mutu wa buti amefika, analala mu sine, anakoroma kwa Kichina.

Wazo lako ni zuri mpaka nimeanza kuliambia watu ni langu. Ninabeba mufuko mzima wa dividi, lakini nitamuanzishia Sikio Moja. Hiyo ninaijua kama harufu ya mukeka wangu. Ikisimama pale kwa kiwanja, nitamaliza kwa mudomo, na huo mwisho nitaupika, Yaya! Nitamupandisha Sagesse juu ya farasi. Nitamuoza. Nitamupa watoto mapacha na majina yao.

Safi amenipa mandazi za njiani. Akanifunga kifungo cha shati kama ninakwenda kubatizwa. Nikamuambia asinililie, akteri hafi. Akasema, "Wewe siyo akteri, Profesa. Wewe ni ule mudomo." Watu wa hapa hawana heshima.

Mwandiko wangu leo umelewa zaidi. Ni sababu ya grupu, nimeibeba kutwa.

Gérard


Pori, siku ya mbele ya Jumapili ya Matawi

Yaya Estelle,

Anayekuletea barua hii ni bwana yako. Muangalie kwanza, kisha usome. Amekonda, lakini ni yeye. Nilimuuliza jina la mbuzi wenu wa kwanza, akalijua.

Sasa kaa chini.

Tulifika wakati wa jua. Wako na mahema, na mashine mupya ya dividi waliyoitoa Mungu anajua kwa nani. Sagesse akasema yangu ni takataka, tutumie yake. Nami nikafurahi, mujinga mimi. Yeye mwenyewe siyo mukubwa wa mwili. Anakohoa, anapenda sukari. Nyuma yake anasimama mutu wake wa pili, Paluku, ambaye wanakula naye sahani moja.

Nikamuambia, "Mukubwa, filimu ikikupendeza, unipe mupishi." Akacheka. "Ikinipendeza, ubebe na sufuria."

Yaya, sijawahi kusema vizuri kama siku ile. Akteri Sagesse alikatwa sikio, nikamulilia machozi ya kweli. Akteri Sagesse alirudisha gunia la mujane. Mukubwa alitikisa kichwa kama mutoto anayenyolewa na mama yake. Ila niliona jambo moja. Kila damu ilipotoka, vijana wake, wenye bunduki kwa magoti, walifunika macho. Mumoja aliangalia miti mpaka nikasema imekwisha. Salamabila wamama wanapanda juu ya viti wasikose hata tone, na hawa wenye kazi yenyewe hawawezi. Nafikiri kwao ile picha iko na harufu.

Kisha akteri akaingia kiwanja cha bandi. Nikashika mikro kwa mikono miwili, nikangoja picha isimame.

Haikusimama. Ile mashine mupya ilipita juu ya mukwaruzo kama hakuna kitu. Ndipo nikauona mwisho wa Sikio Moja, pamoja nao, kwa mara ya kwanza. Bandi anakufa, sawa, tena upesi. Kisha rafiki wa akteri, yule waliyekula pamoja tangu mwanzo, anatokea nyuma yake na kumupiga risasi ya mugongo. Akteri anaanguka, uso mu matope. Majina yanapanda. Hata muziki hakuna.

Anakufa, Yaya. Kumbe wakati wote ule alikuwa anakufa.

Nikalia mu mikro, "Amelala! Amechoka, amelala kidogo!" Vijana hawakuwa wanaangalia televizio tena. Walikuwa wanaangalia Paluku. Sagesse akageuka polepole, naye akamuangalia. Paluku akacheka kidogo, akasema, "Shefu, ni filimu tu."

Asubuhi Paluku hakuwepo, na hema lake lilikuwa limekunjwa vizuri. Sikuuliza. Hakuwa mutu mwema, wa Lusangi watakuambia. Lakini mimi nilizoea kuua kwa mudomo watu ambao kesho yake dividi inawasimamisha tena. Huyu hakusimama. Hiyo ninakula nayo.

Sagesse akaniita. "Iko filimu ambayo mimi sifi?" Nikasema ziko nyingi sana. Akasema, "Utanionyesha zote. Siku utakayoniua tena, tutamaliza na wewe." Ndipo nikaona nafasi ndogo, nikapenya. "Mukubwa, wa kupika muchele utamupata kila kijiji. Mudomo kama huu iko mumoja tu mu Maniema nzima. Muache mupishi aende, mimi ninabaki." Akafikiri, akakubali. Yaya, maisha yangu yote nimejisifu bure. Siku ile ndipo kujisifu kulinunua kitu.

Théo alikataa kuondoka. Nilimutukana mpaka akaondoka. Umusamehe akinisema vibaya.

Sagesse hajui kusoma, lakini anapenda kusomewa. Mbele ya kuifunga barua hii nilimusomea. Nilimusomea ingine kabisa, tamu, ya kumusifu, macho yangu juu ya karatasi hii hii. Alifuta chozi.

Ila niko na taabu moja, na ninakuandikia wewe peke yako. Mufuko wangu umejaa dividi za zamani, zimekwaruzwa zote. Ni mimi niliyekuwa ninazimaliza. Sijui ndani yao ni nani anabaki muzima. Kila filimu ninaianza kama mutu anayeingia mutoni bila kujua kina. Jana akteri alibaki amesimama, nikaenda nyuma ya hema nikatapika, kama wewe. Nilikucheka siku ile. Sasa sicheki.

Gérard
(Uprofesa nimeuacha Salamabila. Muambie Safi aufunike mvua isiunyeshee.)


Salamabila, tarehe 12 mwezi wa nne 2024

Gérard wangu,

Barua hii ninamupa mutu wa buti, aliyekuja kutafuta sukari ya mukubwa wake, pamoja na mufuko. Musomee Sagesse ile ingine, ya kumusifu.

Théo alifika Kasongo siku Élysée alipokuwa anaagiza mbuzi wa matanga. Élysée alikaa chini barabarani. Mbuzi tulimula, lakini Théo hakupika. Anatembea, anakula, analala. Muchele hausemeshi. Nilipomuambia ninakuja Salamabila, akachukua kinga, tukaja pamoja kwa njia ya Kabambare.

Niko mu sine yako. Ndio, mimi. Safi amenipa kiti chako, na nimekaa hapa kila siku tangu nifike. Nimewaambia watu wote habari yako, bila kuficha. Wachimbaji wameleta dividi kutoka kila shimo, kila nyumba. Wamotari wameleta zingine kutoka Kabambare na Lusangi. Tumeazima grupu, na mashine inayopita juu ya mikwaruzo, na tunaziangalia zote mpaka mwisho, mpaka majina yanapanda, mpaka ekra ya televizio inakuwa nyeusi. Hatuna mikro. Hakuna anayesema kitu. Hatuelewi lugha hata moja, na hatuitaki. Tunaangalia akteri tu.

Nimeona shingo zikikatwa, Gérard. Nimeona watoto wakitupwa. Sikutoka nje. Nimewaambia wamama wakae mbele yangu ili nisikimbie, na mimi nimepanda juu ya kiti kama Safi, nisikose hata kitu, sababu kama ningefumba macho ningejuaje kama aliinuka? Uliniandikia kwamba wanavumilia damu yote ili wafike pale. Nilisoma nikakunja mudomo. Sasa ninajua. Sote humu ndani tunatafuta mutu mumoja, na tunaomba tumukute amesimama.

Akikutwa amesimama, sine inatoa ile pumzi uliyoandika, na Safi anaitia dividi mu mufuko. Akifa, tunaichoma. Tumechoma nyingi. Mwenyewe huwezi kuamini wanavyokufa.

Zile zilizo mu mufuko huu nimeziangalia mimi na macho yangu, kila moja. Hata moja haitakuua. Ziweke mbali na zako za zamani, uzitumie kwanza, na uziendeshe pole pole. Sema mengi. Wewe unaweza. Tunatafuta zingine.

Théo haingii. Anakaa nje nyuma ya ukuta, pale nilipotapika mimi. Lakini leo Safi alimupa sufuria ya watu wa sine, na nilipopita nikasikia anausemesha muchele. Hakuuambia utulie. Alikuwa anautajia jina lako.

Sasa nikuambie ya leo, maana mutu wa buti ananihimiza. Tumetia filimu ya mwisho tuliyokuwa nayo. Ni nzuri, ni ndefu, ingekufaa. Karibu na mwisho, akteri amepigwa, ameanguka, analala ubavu. Mukono wake uko mbele ya uso. Na picha ikasimama. Tumepangusa, tumepuliza, tumeanza tena. Inasimama palepale. Hatujui kama ule mukono utasogea.

Nikasema basi, tuzime, hii hatuwezi kuituma. Hakuna aliyetoka. Muchimbaji mumoja mbele akasema, "Yaya, acha kwanza." Safi akaanza kumuita kwa jina lako, polepole, kama mutu anayeamusha mugonjwa. Wakamufuata wote.

Bado wanaita. Wanaleta esansi mu chupa, chupa kwa chupa, ili picha isizimike. Nimeshuka juu ya kiti kuandika mustari huu, na ninarudi kupanda, sababu naona kama kidole kimesogea.

Dada yako,
Estelle